Viraka vya Kevin

Ayoo alikuwa amechoka, na uchovu wenyewe haukuwa wa kulala ukaamka umepona. Alikuwa ameuguza mtu wiki tatu, akamsafirisha, akamzika, akarudi Mkolani na mjukuu mkononi. Tangu hapo kila alipoingia chumbani alikutana na sanduku la bati limekaa palepale chini ya dirisha, kufuli likining'inia. Ndani yake zilikuwa nguo za Kevin, mwanawe wa pekee wa kiume, fundi wa injini za boti pale mwaloni Kirumba, boti za samaki zinapotia nanga, aliyekufa kwa ugonjwa wa ini akiwa na miaka thelathini na sita. Miezi saba sanduku halikusogezwa hata kwa kufagia. Ayoo alifagia kulizunguka.

Msiba wa Kevin ulikuwa haujaisha. Mwili ulishazikwa Rorya, nyumbani kwa baba yake, marehemu mzee Owuor, karibu kabisa na ziwa. Lakini ukoo wa Owuor una utaratibu wake, na haukuanza jana: nguo za marehemu hugawanywa kwa ndugu, kila mmoja anaondoka na chake, huyu shati, yule mkanda, na baada ya hapo ndipo watu wananyoa, wanakula, wanaagana. Nguo zisipogawanywa, mama wa marehemu bado yumo msibani. Haendi harusini. Haimbi kwaya. Akiingia mahali, watu wanapunguza sauti na kumpisha kiti, na hakuna kinachochosha kama kupishwa kiti miezi saba mfululizo na watu wenye umri wako.

Aliyetakiwa kuja kugawa ni shemeji yake Odoyo, mdogo wa Owuor. Siku ya maziko Odoyo alisema atakuja Mwanza mtama ukishavunwa. Mtama ukavunwa. Akasema dume lake la ng'ombe linaumwa. Dume likapona au likaliwa, Ayoo hakuambiwa, ikaja habari ya barabara mbaya, halafu simu ikawa inaita bila kupokelewa. Ayoo hakuwa na haja ya shati wala mkanda. Alikuwa na haja moja tu duniani, jambo hili liishe, apumzike.

Mwanamke mwingine yeyote wa Rorya angeendelea kusubiri na kulalamika, maana kulalamika nako ni kazi inayopitisha muda. Kosa alilokuja kulifanya Ayoo lingeweza kufanywa na watu wachache sana chini ya jua, wale wasichana waliokulia kwenye ukumbi wa kushonea wa Mama Lorena.

Mama Lorena alikuwa Mmarekani, mke wa mmisionari wa Kimenonaiti, mwanamke mrefu mwenye kitambaa cheupe kichwani na viatu vya kiume. Kila Alhamisi mchana aliweka katikati ya ukumbi wa misheni, kule Rorya, fremu kubwa ya mbao, na wanawake na wasichana wakaizunguka wakishona blanketi la viraka. Ayoo aliingia pale akiwa na miaka kumi na mitano, akitumwa na mama yake akalete sabuni ya bure, akatoka miaka sita baadaye akiwa anajua kuunganisha kitambaa mpaka mshono usionekane. Wakati wao wanashona, Mama Lorena aliketi kwenye stuli akiwasomea vitabu vya kwao. Alisoma sentensi moja kwa Kiingereza kimoyomoyo, akaitoa kwa Kiswahili, na alipokwama akaimalizia kwa Kijaluo chake kibovu, wanawake wakacheka, sindano zikaendelea.

Katika kila kitabu alichosoma, ungesubiri tu, blanketi la viraka lingetokea. Kama si bibi anayelishona karibu na moto, ni binti anayepewa anapoolewa, au familia iliyopakia kila kitu kwenye gari la ng'ombe na kuhamia magharibi, baridi ikawakuta njiani wakajifunika hilo. Hata watumwa kule waliyashona, alisema, kwa vitambaa walivyotupiwa, na siku hizi wajukuu wao wanayasimulia vitabuni kwa fahari. Mama Lorena alisema taifa lake lilianza na watu maskini waliokataa kutupa kitambaa, na kwamba wenye vitabu walipotafuta kitu cha kulieleza, walikuta bibi zao wameshalieleza kwa sindano. Ayoo hakuelewa yote. Alichoelewa ni kwamba Amerika ni nchi ambayo kila mtu ana blanketi la viraka na bibi wa kulishona.

Miaka mingi baadaye alipokutana mjini Mwanza na vijana wa Kimarekani waliokuja kujitolea, aliwauliza mama zao wanapenda kushona mshono gani. Walimtazama kana kwamba amewauliza namna ya kukamua nyati. Ayoo alirudi nyumbani amenyong'onyea, akasema labda hawa ni wa wilaya nyingine.

Kulikuwa na mtindo mmoja ambao Mama Lorena aliupenda kuliko yote. Unaanza na mraba mdogo mwekundu katikati, halafu unauzungushia vipande vyembamba vyembamba, pande zote nne, mpaka unapata mraba mkubwa wa kiganja kimoja na nusu. Kwao uliitwa Nyumba ya Magogo. Aliwaeleza kwamba zamani maskini wa kwao waliishi katika vibanda vya magogo, na kwamba wapo marais waliojisifu hadharani kuwa walizaliwa humo, mpaka kibanda cha magogo kikaingia katika vitabu vya watoto wa shule na kuwa alama ya heshima. Wanawake wa Rorya walitazamana. Mmoja akauliza, kwa adabu, mtu anajisifuje kuzaliwa kibandani, ilhali pale ukumbini hakuna aliyezaliwa kwingine? Basi jina la magogo halikushika. Wao waliuona mraba ule mwekundu uliozungukwa na safu za vipande wakasema ni ndama ndani ya boma, wakauita Zizi. Mama Lorena alicheka mpaka akavua miwani, na toka siku ile naye akasema Zizi.

Na ni Mama Lorena aliyesema lile neno lililokuja kumponza Ayoo. Alhamisi moja alikuja na mashati ya mume wake, ambaye walikuwa wamemzika mwezi uliopita, akayaweka mezani na mkasi juu yake. "Kwetu mtu akifa nguo zake hatuzifungii," aliwaambia. "Wanawake tunakaa, tunazikata, tunazishona, na tunalia humohumo. Blanketi likiisha, na kilio kimepata pa kukaa." Akakata shati la kwanza. Wanawake wa Rorya walishika midomo, wengine wakatoka nje. Ayoo, aliyekuwa msichana, alibaki na kushika upande wa pili wa kitambaa ili kisijikunje.

Kwa hiyo mwezi wa nane, siku ya Jumapili baada ya ibada, Ayoo alifungua kufuli. Hakufikiria sana. Kichwa kilichochoka hakifikirii, kinashika kilicho karibu. Alitoa ovaroli la bluu lililokuwa bado linanuka petroli, shati la kijani la kwenda mjini, suruali mbili, jezi, koti la kwaya, na tai nyekundu. Alitandika mkeka, akamwita Favour, binti wa Kevin mwenye miaka kumi, ambaye mama yake aliolewa tena Musoma, akamwambia ashike upande wa pili wa kitambaa.

"Bibi, tunakata nguo za baba?" Favour aliuliza.

"Tunazikata."

"Babu Odoyo ameruhusu?"

"Babu Odoyo hapokei simu," Ayoo alisema, na mkasi ukaingia.

Alishona wiki saba. Alishona kwa mkono, maana macho yalimruhusu saa mbili tu za asubuhi, dirisha likiwa na mwanga mzuri, na cherehani lilimtangulia mbio. Kila zizi alilipa kitu cha kila nguo: mraba wa tai nyekundu katikati, halafu kipande cha ovaroli, cha shati, cha suruali, cha jezi, cha koti. Mazizi thelathini, yote sawa. Alilia humohumo, kama alivyoambiwa. Ilikuwa kweli kwamba mikono ikiwa na kazi kilio hakikufikishi chini. Lakini hakupona, na hili Mama Lorena hakulisema: alipounganisha zizi la mwisho bado watu walimpisha kiti.

Uso wa blanketi ulikuwa umeshaungana, bado kutiwa bitana, wakati Ng'washi alipoleta mgeni. Ng'washi ni jirani yake wa ukuta kwa ukuta, Msukuma wa Kisesa, muuza vikapu kwa watu wanaokuja Bujora kutazama makumbusho. Huko ndiko alikomwokota Alison. Alison alikuwa Mmarekani, mhadhiri wa fasihi, mwanamke wa miaka arobaini na kitu aliyezungumza Kiswahili cha taarifa ya habari. Alikuwa anaandika kitabu kuhusu mila za nchi yake, namna zinavyoingia vitabuni na namna zinavyosafiri. Ng'washi alimwambia hana haja ya kwenda mbali, kuna mama Mjaluo pale Mkolani anashona mambo ya kwao kuliko wao wenyewe.

Alison alipoliona blanketi alikaa chini kwenye mkeka bila kukaribishwa. Aligusa mraba mwekundu.

"Hii ni Nyumba ya Magogo," alisema. "Huu ni moto wa jikoni. Familia imekaa kuuzunguka."

"Ni ndama," Ayoo alisema. "Hili ni zizi."

Alison aliandika hilo haraka kwenye daftari, akaomba aelezwe tena, akaandika tena. Ayoo alimuuliza swali lililomkaa miaka: kwa nini vijana wa kwenu hawajui haya? Alison aliweka kalamu chini.

"Mama, mila nyingi tunazoziita za Kimarekani hatuzifanyi tena. Tunazisoma. Watoto wanasoma shuleni habari ya bibi na blanketi lake, wanaandika mtihani, wanafaulu. Wanajua blanketi lina maana gani. Kushika sindano hawajui."

"Na baridi ikija mnajifunika nini?"

"Ya dukani," Alison alisema, na aibu ikampata kwelikweli.

Ng'washi alicheka hadi akashika mlango. Ayoo hakucheka. Alihisi uchovu mpya ukikaa juu ya ule wa zamani. Miaka hamsini alikuwa anabeba mzigo wa watu, akiubeba kwa adabu, akidhani wenyewe wanatembea mbele yake na wa kwao, kumbe wenyewe walishautua zamani na kuuandikia vitabu.

Lakini Alison alisema jambo jingine, na hilo lilimgusa. Alisema angependa kurudi Jumamosi ya wiki ijayo, bitana likishatiwa, apige picha ya blanketi zima, aiweke kwenye kitabu, na chini yake aandike jina la marehemu. Ayoo aliuliza ni jina lote. Alison akasema lote. Kevin Owuor, fundi wa injini za boti, Mwanza. Ayoo alimkumbuka Mama Lorena kwenye stuli yake akitafsiri habari za watu wa mbali waliokufa zamani, na akatamani sana, kwa roho yake yote, mwanawe awe mmoja wao. Alikubali papo hapo.

Jumanne ya wiki hiyohiyo, saa nne asubuhi, Odoyo alibisha hodi.

Alikuja na wifi yake Ayoo, Dorcas, dada mkubwa wa Owuor, mwanamke wa zaidi ya miaka sabini, mkimya, aliyesafiri toka Rorya na fimbo na mfuko wa samaki wakavu. Ayoo alimwamkia Dorcas shikamoo, akapokea mfuko, akawasha jiko. Odoyo alikaa kwenye kiti, akatazama huku na huku, akasafisha koo.

"Shemeji, tumechelewa. Najua. Lakini tumefika. Wenzetu wanatusubiri nyumbani, tarehe tumeshapanga. Lete nguo za kijana tuzitazame. Mimi nitaomba lile shati la kijani."

Ayoo angeweza kusema uongo. Kusema kweli uongo ulimjia, wenye miguu yote: kwamba mwizi aliingia, kwamba panya. Lakini uongo nao unahitaji nguvu ya kuusimamia, na yeye hakuwa nayo. Aliingia chumbani akatoka na blanketi, akalitandika kwenye meza mbele yao.

Odoyo hakuelewa kwanza. Halafu akaliona shati lake, mistari thelathini myembamba ya kijani imetapakaa meza nzima.

"Umemkata," alisema.

"Nimezishona, shemeji. Tulivyofundishwa misheni. Kwa kina Mama Lorena mtu akifa..."

"Mama Lorena si wa ukoo huu!" Odoyo alisimama. Hakuwa mtu wa kupayuka, na sauti yake mwenyewe ilimshtua. "Wazungu wakifa hakuna shangazi anayekuja kudai mkanda. Sisi tupo! Nikirudi niwaambie nini watu? Kwamba kila mmoja alikuwa na chake kwa Kevin, lakini mama yake amekichanachana? Msiba huu tunaufunga na nini?"

"Ulisema utakuja mtama ukivunwa," Ayoo alisema. "Nilikupigia mpaka vidole vikaota sugu. Nimechoka, Odoyo. Nimechoka kulifagilia sanduku."

Odoyo alichukua kofia yake. Chai ilikuwa imemiminwa, akaiacha mezani. Mtu wa ukoo ule akiacha chai ya nyumba yenye msiba, hakuna tusi linalobaki. Ayoo aliitazama ile chai, akaona miezi tisa mingine, na baada yake mingine, watu wakimpisha kiti hadi siku atakayokufa yeye, na Favour akikua kama mtoto wa baba ambaye ukoo haukumalizana naye. Na upande wa pili kulikuwa na kitabu. Alikitaka kile kitabu. Aliyapenda mazizi yale thelathini yakiwa pamoja, hakuna mshono hata mmoja uliopinda, kazi nzuri kuliko zote alizowahi kufanya, na macho yake hayangempa nyingine.

"Kaa, shemeji," alisema.

Alichukua wembe kwenye kopo la vifungo, akalivuta blanketi mapajani, akaanza kufumua. Hakufumua zizi lenyewe, alifumua mshono ule uliounganisha zizi na zizi. Uzi ulikatika mmoja mmoja. Zizi la pembeni lilipoachia aliliweka mezani, mbele ya chai ya Odoyo.

"Hilo ni lako. Shati lako la kijani limo. Na ovaroli limo, na koti la kwaya, na jezi. Kila zizi lina kila kitu chake. Hakuna atakayesema nimepewa suruali mbovu mwenzangu kapewa koti. Kila mtu anaondoka na Kevin mzima."

Odoyo alisimama na kofia mkononi. Wembe uliendelea. Dorcas, ambaye tangu aingie alikuwa hajatoa neno zaidi ya marahaba, alisogeza kiti chake, akanyoosha mkono.

"Una wembe mwingine, wifi?"

Wakafumua wawili. Dorcas naye alikuwa binti wa ukumbi ule wa Alhamisi, ingawa alikuwa mmoja wa wale waliotoka nje siku ya mashati ya mume wa Mama Lorena. Walifumua hadi adhuhuri, Favour alipotoka shule akakuta mazizi yamepangwa mezani na babu yake ameketi, chai ameshainywa baridi, analitazama lake mapajani.

"Dume halikuumwa," Odoyo alisema ghafla, bila kumtazama mtu. "Wala barabara. Mimi nilimfundisha Kevin kuogelea. Nilijua nikija nikagawa nguo, basi, imekwisha kweli. Nilikuwa sitaki iishe."

Ayoo alitaka kukasirika. Miezi tisa alipishwa kiti kwa sababu mwanaume mzima aliogopa sanduku! Alitafuta hasira akaikosa, nayo imechoka.

"Mimi nilitaka iishe," alisema. "Ndiyo tofauti yetu. Kula ugali, shemeji, samaki wenu wameiva."

Jumamosi Alison alikuja na kamera, akakuta mkeka mtupu na zizi moja tu ukutani, la Favour. Mengine yalikuwa yameondoka kwenye mfuko wa Dorcas. Alisimama katikati ya chumba kama mtu aliyekuta gari limeondoka. Ayoo alimweleza yote, polepole, mara mbili, maana mwenzake alikuwa anaandika. Alipomaliza, Alison alifunga daftari.

"Mama, hili sijalisoma popote. Kwetu halipo."

"Na kwetu lilikuwa halipo," Ayoo alisema, "mpaka Jumanne."

Alison aliuliza kama anaweza kuliandika hata bila picha. Ayoo akasema aandike, ila jina aliweke lote, kama walivyokubaliana. Alison alipokwenda zake, Ayoo alijilaza mchana kweupe, jambo ambalo hakulifanya tangu Kevin augue, lakini usingizi haukuja. Alilala macho wazi akiwaza mikono yake tu, kwamba sasa haina la kufanya.

Mwezi wa kumi na mbili walikwenda Rorya kufunga msiba. Watu walinyolewa asubuhi, mchungaji akaomba, wakala. Ayoo aliketi kwenye benchi la ukutani na upara wake mpya, akisubiri kujisikia ameachiliwa, na hakusikia kitu. Alikuwa amechoka tu, safari ilikuwa ndefu, na jua lilimchoma kichwa. Alijiambia pengine ndivyo kunavyokuwa kuisha kwa jambo, mtu hujui hata limeisha saa ngapi.

Halafu alianza kuwaona. Binamu mmoja alipita na ndoo, na mgongoni mwa shati lake, mahali palipokuwa pamechanika, kulikuwa na zizi. Mke wa binamu alikuwa na la kwake kwenye mfuko wa aproni. Mzee mmoja mvuvi alilishona gotini pa suruali. Dorcas alilitia kwenye kilemba, mraba mwekundu juu ya paji la uso. Hawakuwa wamekubaliana. Nguo za marehemu katika ukoo ule huvaliwa, haziwekwi kabatini, na kwa kuwa Ayoo aliwapa kitu kisichovalika, kila mmoja alikwenda nyumbani kwake akatafuta nguo yake iliyochakaa akaitia kiraka. Uwanja mzima walikuwa wanapita, wakichota maji, wakibeba sahani, wakikemea watoto, na kila aliyepita alikuwa na bluu ya ovaroli, kijani cha shati, weusi wa koti la kwaya.

Ayoo alifunika mdomo kwa mkono. Hakuna aliyempisha kiti. Mtu mmoja hata alimwambia asogee kidogo, akakaa ubavuni pake na sahani ya wali, akaanza kumlalamikia bei ya mbolea.

Odoyo alipita mbele yake na jagi la maji ya kunawa. La kwake alilishona mwenyewe kwenye kiwiko cha koti, kwa uzi wa nyavu, mishono mirefu ya mwanaume, na upande mmoja ulikuwa umeshaanza kuachia.

"Odoyo," Ayoo alimwita. "Njoo hapa. Nani kakufundisha kushona hivyo? Litatoka kabla hujafika zizini."

"Nilijitahidi, shemeji."

"Umejitahidi vibaya. Weka jagi chini, lete mkono."

Odoyo aliinama, akamnyooshea mkono. Ayoo alichomoa sindano iliyokuwa imechomekwa kwenye kola yake, akatia uzi jaribio la tatu, akakishika kile kiwiko kwa kiganja cha kushoto ili kitambaa kisijikunje. Chini ya viraka vya Kevin mkono ulikuwa wa moto, una mshipa unaopiga, na Ayoo akaushikilia muda mrefu kuliko kazi ilivyohitaji.